Mahudhurio ya Chuo Kikuu na Ruhusa za Kutokuwapo

Wanafunzi wa madarasa ya juu wakizungumza juu ya Chuo Kikuu, neno moja halikosi kutajwa: "Huko hakuna kengele." Ni kweli, kengele hakuna. Hakuna kiranja wa kuamsha watu alfajiri, wala mwalimu wa zamu wa kusimama mlangoni na daftari lake. Lakini yule aliyedhani kwamba pasipo kengele hapana hesabu hushtuka mwisho wa muhula, anapoitazama orodha ya watakaofanya mtihani na kulikosa jina lake. Katika kurasa hizi nataka kueleza hesabu hiyo ilivyotokea, inavyofanywa, na impasavyo mtu kutenda akipatwa na ugonjwa au msiba.

Ajabu ya kwanza ni kwamba hapo kale aliyehesabiwa mahudhurio alikuwa mwalimu. Katika mji wa Bologna, nchi ya Italia, palipo na chuo kikuu cha zamani kuliko vyote vya Ulaya, wanafunzi ndio waliowaajiri walimu na kuwalipa. Wengi wao walikuwa watu wazima waliotoka nchi za mbali kusoma sheria, na fedha yao walikuwa na uchungu nayo. Mwalimu akitaka kutokuwapo hata siku moja, ilimbidi kuomba ruhusa kwa wanafunzi wake kwanza, kisha kwa mkuu wa chama chao. Akichelewa kuanza, faini. Akipitisha wakati wa kengele, faini. Na kama hawakufika wanafunzi watano kumsikiliza, alihesabiwa kuwa hakufundisha, akatozwa vilevile. Nadhani wako wanafunzi watakaosoma habari hii kwa furaha. Nawakumbusha kwamba ni wao waliokuwa wakitoa mishahara.

Uingereza desturi ilikuwa nyingine. Huko Oxford na Cambridge jambo lililohesabiwa zaidi halikuwa kuingia katika mihadhara bali kukaa mjini. Mwanafunzi alitakiwa "kushika mihula", yaani kulala karibu na chuo chake kwa idadi ya siku zilizowekwa. Mpaka leo Cambridge, anayesomea digrii ya kwanza lazima akae ndani ya maili tatu za kanisa la Great St Mary's lililo katikati ya mji, na katika muhula wa siku 80 alale hapo usiku 59. Aliyefaulu mtihani asishike mihula yake hapewi digrii.

Sheria hiyo iliwahi kugeuza maisha ya mtu mmoja ambaye kila asomaye elimu ya viumbe hulijua jina lake. Charles Darwin alipelekwa kwanza Edinburgh mwaka 1825 kusomea udaktari. Mihadhara ilimchosha, na alipoona mgonjwa akipasuliwa, siku zile ambazo dawa ya usingizi haijapatikana, alikimbia. Baba yake akamhamisha Cambridge asomee ukasisi, lakini hakufika mwanzo wa mwaka wa masomo, ila mwezi wa Januari 1828. Mwezi wa Januari 1831 alifanya mtihani wa mwisho, akawa wa kumi kati ya wale wasioomba digrii ya heshima. Mtu angetazamia afunge sanduku lake aende zake. Hakuweza, maana kwa kuwa alikuja kwa kuchelewa alikuwa na upungufu wa mihula miwili. Basi akakaa, mtihani umekwisha, hana la kufanya. Profesa Henslow, ambaye mihadhara yake ya mimea Darwin aliipenda sana, akamshawishi ajifunze elimu ya miamba. Mwezi wa Agosti profesa mwingine, Sedgwick, akamchukua Wales kuonyeshwa miamba yenyewe. Aliporudi nyumbani alikuta barua: meli Beagle ilikuwa inatafuta kijana mwenye kujua mambo ya viumbe. Meli ikang'oa nanga tarehe 27 Desemba 1831. Safari ile ya karibu miaka mitano ndiyo iliyompa mambo aliyoyaandika baadaye juu ya asili ya viumbe. Sisemi kwamba kila aliyepungukiwa na mihula atakuwa Darwin. Nasema tu kwamba miezi ile ambayo sheria ilimlazimisha kukaa haikupotea bure, kwa kuwa aliitumia.

Wanasheria nao walikuwa na lao, na kidogo lachekesha. Mohandas Gandhi alipokwenda London mwaka 1888 kusomea uwakili katika Inner Temple, alikuta kwamba mtu hushika mihula kwa kula. Mihula ilikuwa 12, na katika kila muhula zilikuwako karamu za jioni kama 24. Mwanafunzi alipaswa kuhudhuria sita. Kuwako mezani kulitosha. Gandhi mwenyewe hakula nyama wala kunywa divai, lakini kila meza ilimgombea. Sababu ni kwamba kila watu wanne walipewa chupa mbili za divai, na waliokaa na Gandhi walizigawana watatu. Alikubaliwa kuwa wakili mwezi wa Juni 1891. Katika habari za maisha yake aliandika kwamba hakuona jinsi karamu hizo zilivyomfanya mtu astahili uwakili. Zamani, wakati wanafunzi walipokuwa wachache na kula meza moja na mawakili wazee, zilikuwa na faida ya mazungumzo. Watu walipokuwa wengi, mazungumzo yakatoka, desturi ikabaki.

Chuo Kikuu cha London kilifanya mageuzi makubwa zaidi. Mwaka 1858 kiliruhusu mtu yeyote, popote alipo, kufanya mitihani yake bila kuhudhuria chuo chochote, isipokuwa mitihani ya udaktari. Kuanzia hapo yakawako mambo mawili yaliyotengana: kufundishwa, na kupimwa. Afrika ya Mashariki twaihusu sana habari hii. Makerere, iliyoanza mwaka 1922 kuwa shule ya ufundi, ilipopandishwa kuwa Chuo cha Chuo Kikuu mwaka 1949 ilifungamana na London, na wanafunzi wake walipata digrii za London mpaka Chuo Kikuu cha Afrika ya Mashariki kilipoundwa mwaka 1963. Tena wako wazee wengi, hasa walimu, waliosoma kwa posta usiku kwa mwanga wa taa ya chemli, mchana wakifundisha. Chuo Kikuu cha Afrika Kusini kilianza kufundisha kwa posta mwaka 1946, na Chuo Kikuu Huria cha Tanzania kiliundwa kwa sheria ya mwaka 1992 kwa kazi hiyohiyo.

Kwa hiyo jua kwamba ziko njia mbili. Njia moja inakuhesabu mwili wako darasani, nyingine inakuhesabu kazi zako na mtihani wako tu. Mtu mwenye kazi ya mshahara asiyoweza kuiacha, au mama mwenye watoto wadogo wasio na wa kuwatazama, asiingie njia ya kwanza akitumaini kuombewa radhi kila juma. Ya pili ipo, na digrii yake ni digrii.

Sasa tuje kwenye hesabu yenyewe. Vyuo vingi vya Afrika ya Mashariki vimeweka kwamba mwanafunzi ahudhurie robo tatu ya masomo, yaani 75 kwa mia, ndipo aruhusiwe kufanya mtihani wa somo lile. Vingine vimeweka theluthi mbili. Watu wakisikia robo tatu huona ni rahisi, maana robo nzima mtu anasamehewa. Hebu tupige hesabu. Somo la kawaida lina saa 45 za kufundishwa katika majuma 15, yaani saa tatu kila juma. Robo tatu ya 45 ni 33 na robo tatu, na kwa kuwa mwalimu haandiki vipande vya saa, yakupasa kupata 34. Umebakiwa na saa 11 za kukosa. Kijana anachelewa kuripoti majuma mawili kwa sababu nyumbani kahawa haijauzwa: saa 6 zimekwenda. Katikati ya muhula malaria inamlaza juma moja: saa 3. Kisha kuna msiba kijijini, na safari ni ya mbali, juma jingine: saa 3. Jumla 12. Amehudhuria saa 33 katika 45, ambazo ni 73 na kitu kwa mia. Hakuna siku hata moja aliyolala kwa uvivu, na bado sheria imemkamata. Haba na haba hujaza kibaba, hata katika kukosa.

Tazama vizuri hesabu hiyo, utaona kwamba nusu ya hasara ilipatikana kabla muhula haujapamba moto. Wanafunzi wengi hudhani majuma mawili ya kwanza ni ya kusalimiana. Kumbe ndiyo ghali kuliko yote, kwa sababu mtu hawezi kujua mbele yake kuna homa gani. Na kila somo lina hesabu yake. Mwenye masomo matano anaweza kutosheleza manne akazuiwa katika la tano, hasa likiwa limepangwa Ijumaa alasiri.

Masomo ya vitendo yana ukali zaidi, na mimi nauona ni wa haki. Mwanafunzi wa uuguzi au udaktari ana saa za wodini, wa sayansi ana maabara, wa ualimu ana majuma ya kufundisha shuleni. Aliyekosa mhadhara anaweza kusoma kitabu; aliyekosa kuonyeshwa jinsi ya kumzalisha mama hawezi kuazima daftari la mwenzake. Kwa hiyo katika mambo hayo ruhusa hata ikitolewa huwa ni ruhusa ya kuja kuzifidia siku zile baadaye, si ya kuzifuta.

Palipo na daftari hapakosi wa kulidanganya. Japani wana neno lao la zamani, *daihen*, maana yake kuitikia jina kwa niaba ya mwingine: profesa anaita, rafiki anabadili sauti, na aliyeitwa yuko kitandani. Kwetu watu hutiliana sahihi, na ndiyo maana vyuo vingine vimeweka mashine za alama za vidole. Baadhi ya wanafunzi huona kumtilia mwenzako sahihi ni wema. Katika sheria za chuo ni udanganyifu, na mara nyingi anayeadhibiwa kwanza ni yule mwema, kwa sababu yeye ndiye aliyekuwapo akakamatwa na kalamu mkononi.

Je, kulazimishwa kunafaa? Swali hili lina majibu mawili yaliyo kweli yote. Mwaka 2010 wataalamu watatu huko Marekani walikusanya uchunguzi mwingi uliofanywa na wengine, wakaulinganisha. Waliona kwamba kuhudhuria kunafuatana sana na kufaulu, hata kuliko mtihani wa kuingilia chuo. Lakini waliona pia kwamba sheria ya kulazimisha mahudhurio yenyewe huongeza alama kidogo tu. Naona sababu yake si ngumu. Anayekuja kwa kupenda huja na akili yake. Anayekuja kwa kuogopa daftari huweza kuileta suruali tu akaketi nayo.

Wapinzani wa sheria hupenda kumtaja Albert Einstein. Ni kweli kwamba alipokuwa katika chuo cha ufundi cha Zürich alikosa mihadhara mingi ya hesabu, akasoma mambo yake mwenyewe, na mitihani aliivuka kwa madaftari ya rafiki yake Marcel Grossmann, kijana nadhifu asiyekosa darasa. Wanaomtaja huishia hapo. Hawasemi kwamba alipomaliza mwaka 1900 hakuna profesa aliyemchukua kuwa msaidizi wake, akahangaika karibu miaka miwili mpaka alipopata kazi ya ofisi huko Bern mwaka 1902, tena kwa msaada wa baba yake Grossmann. Wala hawasemi kwamba mwaka 1912, alipokuwa akitafuta nadharia yake kubwa ya mvutano, alikuta kwamba anahitaji hesabu za juu asizozijua, akamwendea tena Grossmann amsaidie. Mtu anayetaka kuishi kama Einstein na atafute Grossmann kwanza.

Walakini sheria isiyo na mlango wa huruma huua. Sitii chumvi. Huko India, ambako mahudhurio hushikwa kwa ukali, kanuni za Baraza la Mawakili za mwaka 2008 zilitaka mwanafunzi wa sheria ahudhurie 70 kwa mia ya kila somo. Mkuu wa chuo aliweza kumsamehe mwenye sababu ya pekee aliyefika 65, ikiwa masomo yote pamoja yamefikia 70. Mwaka 2016 mwanafunzi mmoja wa sheria mjini Delhi, aliyezuiwa mtihani kwa upungufu wa mahudhurio, alijitoa uhai. Shauri likaenda mahakamani, na mwezi wa Novemba 2025 Mahakama Kuu ya Delhi iliamua kwamba mwanafunzi wa sheria asizuiwe kufanya mtihani kwa sababu ya mahudhurio peke yake, na kwamba chuo kiwape walio nyuma masomo ya kufidia mapema, pamoja na kuwapa habari wazazi wao. Hilo la mapema ndilo naliona la maana kuliko yote. Orodha inayobandikwa siku tatu kabla ya mtihani haimsaidii mtu yeyote. Ingebandikwa juma la saba, mwenye homa angejijua, mvivu angejijua, na mwalimu angejua nani yuko mashakani. Na msomaji yeyote aliyezuiwa mtihani leo, asikae peke yake chumbani na jambo hilo; amwendee mlezi wa wanafunzi au mtu wake wa nyumbani siku ileile. Muhula hurudiwa.

Huruma yenyewe ina sura mbalimbali. Uingereza kuna digrii iitwayo *aegrotat*, neno la Kilatini maana yake "yu mgonjwa", apewayo mtu aliyesoma vema lakini ugonjwa ukamzuia mtihani. Marekani, kanuni zilizotokana na sheria ya mwaka 1972 zinavitaka vyuo vinavyopata fedha za serikali vimsamehe msichana siku alizokosa kwa ajili ya mimba na kujifungua, muda wote daktari anaposema ni lazima, na arudipo akute nafasi yake. Kwetu jambo la kawaida ni mtihani maalum kwa aliyekuwa mgonjwa wakati wa mtihani, na kuahirisha masomo kwa muhula au mwaka. Wanafunzi wa Uganda huuita "mwaka uliokufa". Jina baya, lakini usiogope jina. Aliyeahirisha kwa barua, akakubaliwa, atarudi na rekodi safi. Aliyetoweka bila neno huandikwa kuwa ameshindwa, au kwamba ameacha chuo, na kurudi kwake ni kazi ya miaka.

Iko sababu moja ambayo haina cheti cha daktari, nayo ni karo. Katika nchi zetu ndiyo inayowaweka wengi nyumbani mwanzo wa muhula, na kanuni nyingi hazitaki kuisikia. Maoni yangu ni kwamba aliyeleta ushahidi kwamba fedha zake zinakuja, kwa mfano barua ya chama cha ushirika au ya mfadhili, angeruhusiwa kukaa darasani na kuhesabiwa tangu siku aliyofika, siyo tangu siku aliyolipa. Mpaka hapo itakapokuwa hivyo, mwenye shida hiyo aende kwa mkuu wa idara kabla ya juma la kwanza kwisha, aeleze, na akikubaliwa kukaa darasani akae.

Kuomba ruhusa kuna adabu yake. Ombi liandikwe, maana maneno ya ukumbini hayana nakala. Lipelekwe kwa mkuu wa idara, na mwalimu wa somo apewe habari. Liende kabla ya safari ikiwezekana. La ugonjwa liende mara upatapo nguvu ya kuandika, au mwenzako alipeleke. Cheti kitoke hospitali inayotambuliwa, kiwe na tarehe zilizo sawa na siku ulizokosa. Mfano ni huu:

*Kwa Mkuu wa Idara ya Uchumi.*

*Bwana,*

*Mimi ni mwanafunzi wa mwaka wa kwanza katika idara yako. Namba yangu ya uandikisho iko chini ya sahihi. Baba yangu mdogo aliyenilea tangu utoto alifariki dunia Jumapili tarehe 8 Machi. Naomba ruhusa ya siku tano, tangu Jumatatu tarehe 9 hadi Ijumaa tarehe 13, kwenda kumzika Masindi. Nitakosa saa tatu za kila somo na zoezi moja la hesabu za takwimu, ambalo naomba kulifanya nirudipo. Naambatisha barua ya mwenyekiti wa kijiji.*

*Wako mtiifu.*

Ni barua fupi, lakini kila neno lina kazi. Imetaja siku, imetaja kinachokosekana, na imeomba njia ya kufidia bila kungoja kuulizwa. Zaidi, angalia neno "aliyenilea". Kanuni nyingi za ruhusa ya msiba husema jamaa wa karibu, na wenye kuzisoma hufikiri mzazi, mume au mke, na mtoto. Baba mdogo hayumo katika orodha hiyo. Kwetu ni baba, lakini anayepokea barua huenda akaitazama orodha yake tu, basi umweleze. Weka nakala moja yenye mhuri wa ofisi pamoja na tarehe iliyopokewa, uihifadhi mpaka matokeo ya muhula yatoke.